Jembe la Mgeni

Tangu jeshi la nchi jirani liingie kuzima vuguvugu letu la mageuzi, kila nyumba sharti ikae na roboti mmoja wa jeshi hilo. Tumeamriwa tumwite mgeni. Wetu alisimama sebuleni, hali wala halali, na kila akiniona huniamkia, "Shikamoo, mama."

Siku ya tatu mama mkwe wangu, Bi Rukaya, uzalendo ulimshinda. Alimtupia jembe miguuni.

"Kwetu mgeni ni siku mbili. Ya tatu, kalime!"

Nilijua tumekwisha. Lakini mgeni aliliokota, akashukuru, akaenda uani. Jamani, tulicheka! Tulicheka tumeziba midomo kwa khanga, tukiomba mume wangu Sefu naye asicheke kule darini, alikojificha tangu viongozi wa mageuzi waanze kukamatwa.

Adhuhuri nilichungulia uani. Hakuwa amelima hata tuta moja. Alikuwa amechimba shimo refu, jembamba, kingo zake zimenyooka kabisa.

Akaniinulia uso.

"Samahani, mama. Yule baba aliyeko darini ana urefu gani?"