Pumzi Moja Kabla

Binti yangu hufuatilia sauti za watu katika maisha mengine, yale ambayo yangekuwa yetu kama tungeamua vingine. Anayepimwa hutamka irabu tano, kisha mashine hulisaka koo lilelile upande wa pili.

Nilizitamka kwa madaha, kama nilivyofunzwa kwenye masomo ya jioni ya matamshi.

Spika ikakwaruza. Nikajisikia mwenyewe, sauti imelowa mate, midomo ikichapana kama ya mlafi: “Wa kike tena? Mpeni anayemtaka. Mimi simbebi.”

Nikatoa leso nikafuta midomo yangu, ingawa ilikuwa mikavu.

“Ndiyo siku niliyozaliwa,” binti yangu alisema.

“Huyo si mimi, mwanangu. Ni mhuni aliyeazima koo langu. Mimi siku ile sikusema neno, na nilikubeba.”

Hakucheka. Aligusa mstari kwenye kioo cha mashine. “Maisha haya mawili yameachana hapa tu, Baba. Upande wetu pia, wewe ulishavuta pumzi ya kusema hayo.”

Nilifuta midomo tena. Leso ilinuka mate.

“Kwa nini hukusema?”

Ningeweza kumdanganya.

“Muuguzi aliingia.”