Bata wa Medali Kumi na Mbili

Midomo ya mkaguzi wa filamu ilikuwa ikicheza gizani.

Hye-rim aliiona kwa mwanga wa filamu. Bata jenerali alipanda kiti chake, akawaamuru samaki wote wa bwawani waogelee kinyumenyume. Mkaguzi alilitamka agizo lile kabla ya bata mwenyewe.

Kumbe anakijua kitabu.

Kwa miaka miwili, yeye na Seok-jin, mpiga picha wake, walikuwa wakiitengeneza katuni hiyo katika chumba kilichokuwa juu ya duka la tambi, hapo Seoul. Kwenye fomu waliandika: hadithi ya watoto. Hawakuandika kwamba imetoka kwenye riwaya iliyopigwa marufuku, ile inayopita mkono kwa mkono bila jina la mwandishi. Mwaka uliopita, 1977, mwalimu mmoja alikutwa nayo mkobani. Mpaka leo mkewe anampelekea nguo gerezani.

"Dada, tumekwisha," Seok-jin alinong'ona. "Pitia mlango wa nyuma. Nitasema nimechora peke yangu."

"Nyamaza. Nani atakuamini, na hata kuku huwezi kumchora?"

Filamu ikaisha, taa zikawaka. Mkaguzi, Bwana Pyo, mtu wa makamo mwenye suti ya kijivu, aliinuka akafunga mlango kwa ufunguo.

"Bi Gu Hye-rim, huyu bata ni nani?"

"Ni bata tu, mheshimiwa."

"Ana medali kumi na mbili."

"Watoto wanapenda vitu vinavyong'aa, mheshimiwa."

Bwana Pyo hakucheka. Aliketi mezani, akaivuta fomu karibu.

"Na maneno yake umeyatoa wapi?"

Seok-jin alifungua kinywa. Hye-rim akamkanyaga mguu.

"Nimeyatunga mimi," alisema. "Huyu mwenzangu hajui lolote. Yeye kazi yake kamera tu. Mkinichukua, nichukueni peke yangu."

Bwana Pyo alimtazama mpaka Hye-rim akainamisha macho. Kisha muhuri ukagonga mezani. Hye-rim akasoma wino ukiwa bado mbichi: IMERUHUSIWA, WATOTO WA RIKA ZOTE.

"Mwongo wewe," mkaguzi alisema kwa sauti ya chini. "Tena pale mwisho, bata anapofukuzwa, umemliza. Mimi nilimwandika akicheka."