Maji Aliyokunywa Filemon

Siku ile Kornelia alivua nguo nyeusi, akavaa gauni la maua alilolipenda Filemon, akateremka Moshi mjini kumtazama mume wake aliyekufa.

Mwalimu Eliona ndiye aliyemletea habari. Mlangoni pa ukumbi wa sinema aliona tangazo lenye picha ya Filemon amebeba mzigo begani. "Ni ile filamu ya chanzo cha mto, Mama Ndelilio. Inaonyeshwa Jumamosi, saa nane mchana."

Filemon alipanda mlimani mwaka 1964, yeye na mdogo wake Elisaria, kuwaongoza wapiga picha wa filamu hiyo. Elisaria alirudi peke yake. Alisema wageni walikuwa wameshaondoka, wao wawili wakateremka kwa miguu, ukungu ukawafunika, kaka yake akateleza korongoni. Mwili haukuonekana. Wakazika migombani, nyuma ya nyumba, jeneza lenye koti lake na viatu vya kanisani. Kwa miaka miwili Kornelia alipeleka maua pale migombani kila Jumapili.

Elisaria hakutaka aende. "Utajiumiza bure, shemeji." Alipoona hasikii, akamsindikiza.

Taa zikazimwa. Filemon akatokea kwenye pazia, mzima, anacheka, akifyeka njia msituni kwa panga. Kwenye chemchemi akapiga magoti, akateka maji kwa viganja, akanywa. Kornelia alilia bila sauti. Ndelilio, mtoto wao aliyezaliwa baada ya maziko, alikuwa na kicheko kile kile. Angemwambia akirudi.

Elisaria akamshika mkono. "Umeshamwona. Twende, basi litatuacha."

"Kaa kidogo," alisema Kornelia. "Nataka kuona yale maji yanakwenda wapi."

Mto ukashuka, ukapita mashamba ya kahawa, ukapita chini ya daraja la reli, ukafika Kahe na kugawanyika kwenye mifereji. Mwanamume mmoja alikuwa ameinama, anafungulia mahindi maji. Kando yake alisimama mwanamke mwenye mimba, ameshika jembe.

Elisaria akafunika uso.

Mwanamume akainuka, akajifuta jasho.

"Na huyu," ikasema sauti ya kwenye filamu, "ndiye kiongozi wetu wa kule kwenye chemchemi. Tulimkuta hapa mwaka uliofuata, yeye na mkewe, wakimngoja mtoto wao wa kwanza."