Kifo Kizuri cha Babu Telesphor

Babu Telesphor alikwisha kufa mara nyingi, na Jumamosi hiyo alikuwa akipiga pasi suti ili aende kujitazama akifa tena.

Katika filamu za zamani za wazungu waliotafuta dhahabu misituni, yeye ndiye alikuwa mpagazi. Aliliwa na simba, akachomwa mkuki, akazama kwenye matope, na kila mara kabla watazamaji hawajamaliza bisi zao. Kifo kimoja tu ndicho kilichompa jina: kuruka kutoka juu ya maporomoko ya maji, ramani mdomoni, ili bwana wake aokoke. Msitu wenyewe ulikuwa Wales, mwezi wa Novemba.

Sasa klabu ya filamu ya Walthamstow, London, ilikuwa imemwandalia tuzo kwa ajili ya mruko huo, na mjukuu wake Irene hakuwa na raha. Kiangazi kilichopita alimpeleka babu yake kwenye bwawa la kuogelea. Mzee aling'ang'ania kingo kwa mikono miwili, maji hayajamfika hata kiunoni, akaomba arudishwe nyumbani. Tangu siku ile Irene aliamini kwamba kuna mzungu fulani aliyepakwa masizi akaruka badala yake. Swali moja tu la mtu mdadisi lingetosha kumuumbua mzee mbele ya ukumbi mzima. Irene alimpenda mno babu yake, asingevumilia kumwona akichekwa.

"Babu, are you sure unataka kwenda?"

"Mwenzio naingoja tuzo hii tangu nina meno yote," Babu alijibu, akijipulizia manukato.

Bibi Marcelina alikuwa akideki jikoni. Kanga ameikaza chini ya kwapa, upindo ameukunja mara mbili, kama afanyavyo kabla ya kazi yoyote anayoiona ya maana. Tangu aondoke kisiwani Ukerewe hajawahi kumsifu samaki wa London, wala filamu hata moja ya mumewe.

"Na wewe Bibi, unakuja?"

"Ile nilishaiona," alisema Bibi. "Wakati wanairekodi. Si ndiyo nilikuwa nawafulia mavazi?"

Hata hivyo alivaa koti, akilalamikia lile goti lake linalomuuma siku za mvua.

Ukumbini Babu alichangamka, akamtania kila aliyempa mkono. Kisha taa zikazimwa. Mpagazi kijana akatokea akikimbia kati ya miti, sura ya Babu kabisa, akilia na kusali. Picha ikabadilika. Juu ya jabali, mgongo kwa kamera, mpagazi akakaza shuka chini ya kwapa, akakunja upindo mara mbili, akajitupa majini. Ukumbi ulilipuka kwa makofi. Irene alikuwa akitazama viatu vyake.

Taa zilipowashwa, mwenyekiti wa klabu, Vasanti wa Southall, alimpandisha Babu jukwaani, akamkabidhi tuzo ya kioo na maikrofoni. Akamsemesha kwa Kiswahili cha Nakuru alikozaliwa, kisha akawatafsiria wengine.

"Mzee, hii kitu imenisumbua tangu nikiwa msichana. Hayo maji yalikuwa na baridi aje?"

Swali ndilo hilo limefika. Babu aliitazama tuzo, akaitazama safu ya mbele alikoketi Bibi.

Halafu akashuka jukwaani taratibu, ngazi moja moja. Akampakatisha Bibi ile tuzo, akamsogezea maikrofoni mdomoni.

"Waambie wewe, Marcelina," alisema. "Mimi nilibaki kule chini nimekushikia viatu."