Mpira Kwenye Matete

Yalikuwa mashindano ya kwanza ya mpira wa magongo kati ya wasichana wa Kenya na Uganda tangu Uhuru, na sista aliyekuwa refa alishawaonya kwamba hapendi mchezo ucheleweshwe. Kwa hiyo mpira ulipotoka nje ukatumbukia kwenye matete ya ziwa, Filister wa Homa Bay aliufuata mbio. Msichana mmoja wa Uganda alikuwa ametangulia, ameinama kuuokota matopeni.

Ndipo Filister akaona masikio. Yalikuwa madogo mno kwa kichwa kile, na moja lilitikisika kufukuza nzi.

Kiboko jike alikuwa amelala nchi kavu, ndama ubavuni. Yule mgeni alikuwa amesimama kati yake na maji, mahali ambapo baba yake Filister, mvuvi, hakuruhusu wanawe wasimame hata kwa mzaha.

"Dada," Filister alinong'ona. "Acha mpira. Usipige kelele. Njoo kwangu polepole."

Msichana akageuka, akaona. Akainua mguu mmoja, na matope yakauachia taratibu.

Sikio lile likatulia.

Nyuma yao, uwanjani, sista alichoka kungoja. Akapuliza firimbi.