Namba Kumi na Mbili na Papai

Inatangazwa rasmi kwa wakazi wote wa Unionville na vitongoji vyake kwamba jioni ya leo historia ya sinema duniani itaandikwa upya. Itaandikwa katika chumba cha chini cha nyumba ya Babu Roshanali, kati ya mashine ya kufulia na magunia ya mchele, mara tu mjomba Hasan atakapoinuka kwenye waya wa projekta alioukalia.

Hasan aliinuka. Taa zikazimwa. Babu Roshanali, mwenye sherehe, hakuonekana kama mwenye sherehe. Alionekana kama mtu anayesubiri kung'olewa jino.

Mambo yalikuwa hivi. Zamani, alipokuwa kijana aliyefika huku ughaibuni kutoka Tabora na koti moja lisilojua baridi, Babu aliigiza kwenye filamu ya vichekesho kuhusu mpira wa vyuo, ule wa kubeba mpira mikononi, wa kofia ngumu na mabega ya sponji. Filamu yenyewe ilikuwa ya kimaskini. Timu nzima ilikuwa na wachezaji saba, na mpira ulipopotea wakatumia papai. Babu ndiye namba kumi na mbili, aliyelibeba papai hilo hadi mwisho wa uwanja. Kisha stoo ya mtengenezaji ikaungua, na filamu ikaungua nayo.

Kila Navroz, sikukuu yetu ya mwaka mpya, kabla ya biriani, Babu aliisimulia. Kila Navroz ikarefuka. Mbuzi anayemfukuza refa aliingia mwaka juzi tu.

Mtu mmoja hakuamini: Mohamedtaki, kaka yake Bibi Noorbanu, mke wa Babu. "Dada yangu aliwakataa wachumba wawili wenye maduka," alizoea kusema, "akaolewa na papai."

Mwezi uliopita, kwenye harusi ya jamaa, alivuka mpaka. "Shemeji, Navroz hii tuonyeshe ushahidi. La sivyo utasimama mbele ya wajukuu wako useme, 'Mimi ni mwongo.' Na papai hilo tusilisikie tena."

Babu, kwa kiburi, akakubali. Bibi Noorbanu alimtazama tu mumewe, na hilo lilikuwa baya kuliko ugomvi.

Ndipo mwandishi wa habari hizi, mjukuu mtiifu, aliyerudi likizo kutoka shule ya bweni akichechemea kwa sababu zisizohusiana na jambo hili, akaikuta nakala iliyosalia ya filamu hiyo kwenye soko la vitu chakavu huko Scarborough. Ilikuwa imeshahamishiwa kwenye diski, tayari kabisa. Mungu ni mkubwa.

"Umeipata wapi?" Babu aliuliza. Akaambiwa. Akauliza tena. Akauliza mara ya tatu, chai ikimwagikia kisahani. Jamaa wakanong'onezana kwamba huenda mzee anaonekana sekunde mbili tu, tena mgongo.

Picha ikaanza. Michirizi, madoa, sauti ya kukwaruza. Wachezaji saba waliojaa matope wakagongana vichwa na kuanguka kwa pamoja. Refa akapuliza filimbi, ikakataa kulia. Kisha akatokea yule mnyama.

"Mbuzi!" watoto wakapiga kelele, kama waliomwona ndugu yao uwanja wa ndege.

"Nyuso ziko wapi?" akanguruma Mohamedtaki. "Ndani ya kofia hata mimi naweza kuwa namba kumi na mbili."

"Kofia hiyo haikuingii," sauti ya Bibi ikatoka gizani.

Namba kumi na mbili akalikumbatia papai. Akakimbia. Akateguka mguu, akaanguka, akainuka, akaendelea kwa mguu mmoja, akafika, akaangukia papai. Halafu akavua kofia.

Pua ile! Ile pua iliyopinda kama mpini wa birika, ambayo haijawahi kuonekana nje ya ukoo wa Babu Roshanali. Na nyusi zile. Kilichopungua ni mvi tu.

Mohamedtaki alisimama. Akakohoa. Akamkumbatia shemeji yake mbele ya watu wote. "Nisamehe, bwana. Nimekutukana ujana wangu wote na uzee wangu nusu."

Bibi Noorbanu alifuta macho kwa ncha ya mtandio. Babu akainamisha kichwa, kama nyota aliyestaafu kwa hiari.

"Papai lenyewe lilikuwa limeoza," alisema kwa upole. "Nilinuka wiki nzima."

Wageni walipokuwa wakigombania biriani, Babu alimfuata mwandishi jikoni na kufunga mlango. Akaitazama bandeji ya mguuni. Akaitazama pua ya mjukuu wake.

"Namba kumi na mbili," alisema.

Basi, nakiri. Mwandishi ni mimi, Ameer. Uwanja ni wa shule yetu, mbuzi ni wa mkulima jirani, wachezaji wengine sita ni wa bweni langu, na michirizi niliitia kwa simu.

"Nisamehe, Babu. Sikuweza kuvumilia kukuona ukisimama mbele yao ukisema yale maneno. Lakini niambie, nilikosea wapi? Ni viatu? Ni ndege iliyopita juu? Ile ya kweli ilikuwaje?"

Babu alichukua sambusa kwenye sahani yangu, akaimalizia taratibu, akajifuta vidole.

"Ile ya kweli ipi?"