Kiraka cha Uyoga

Chama cha siri cha mafundi wa wakati kilifanya kazi kwa uyoga: siku ikichanika, waliibandika uyoga kama kiraka. Sheria yao ilikuwa moja tu, uyoga wa kazi usiwekwe jikoni.

Mwanakheri, mmoja wa mafundi hao, alitaka kuiziba jana, siku mama mkwe wake alipoumwaga mchuzi aliopikiwa, mbele ya wageni. Akapitiwa, akauweka uyoga jikoni, ukaingia kwenye mchicha.

Mama mkwe alionja. "Ah, leo umepika, mwanangu!"

Sahani ikajaa tena. Akaonja upya.

"Ah, leo umepika, mwanangu!"

Mwenyekiti wa chama akaja mbio, akagonga mlango. "Mwanakheri! Saa za mji mzima zimekwama!"

Mwanakheri alifungua kidogo. "Nakuja, mzee. Ngoja mama amalize kula."

Nyuma yake, sahani ilikuwa inajaa.